Walipiga bisho: jinsi watu walivyovifikia visiwa vya Pasifiki

Swali: Shikamoo Mwalimu. Mimi ni fundi wa ngalawa na mashua hapa Pangani. Juzi mwanangu alinionyesha kwenye simu ramani ya Bahari ya Pasifiki. Visiwa vimetapakaa kama punje za mchele zilizomwagika, na baina ya kisiwa na kisiwa ni maji matupu. Anasema darasani wameambiwa kwamba wenyeji wa huko walipeperushwa na dhoruba, wakaokota visiwa kwa bahati. Nikamwambia haiwezekani, mtu aliyepeperushwa hana mke wala mbegu chomboni. Nani kati yetu yuko sawa? Na mbona mitumbwi yao ina matengo, yale magogo ya ubavuni ya kuzuia chombo kisipinduke, kama ngalawa zetu?

Jibu: Marahaba, fundi. Umeshinda wewe, tena kwa hoja ambayo wasomi walihangaika miaka mingi kabla ya kuifikia. Lakini usimcheke mwanao. Hicho alichoambiwa darasani kiliaminiwa na watu wazima wenye vyeo vyao vyuoni mpaka juzijuzi tu.

Tuanze kwa kuipima bahari yenyewe, maana simu inadanganya. Pasifiki inafunika karibu theluthi ya uso wa dunia. Zikusanye nchi kavu zote, Afrika, Asia, Ulaya, Amerika zote mbili na zilizobaki, uzitumbukize humo: zitaenea na nafasi itabaki. Kiribati ni nchi kamili yenye bendera na bunge, na ardhi yake yote ni kama kilomita za mraba 800, yaani nusu ya Unguja. Hiyo nusu ya Unguja imekatwa vipande 33 na kutawanywa kwa zaidi ya kilomita 4,000 kutoka magharibi hadi mashariki, kama mtu aliyeanza kudondosha Dar es Salaam akamalizia Lagos. Tuvalu ina kilomita za mraba 26, Nauru 21. Rapa Nui, kile kisiwa cha sanamu kubwa za mawe, kiko karibu kilomita 2,000 kutoka kisiwa cha jirani chenye watu, na zaidi ya 3,500 kutoka pwani ya Chile.

Mholanzi Jacob Roggeveen alifika Rapa Nui mwaka 1722, siku ya Pasaka, akakuta watu, kuku, ndizi na viazi vitamu. Miaka hamsini hivi baadaye James Cook alizunguka bahari hiyo, akashangaa zaidi: watu wa New Zealand, wa Tahiti, wa Rapa Nui na wa Hawaii walikuwa wakisema lugha zinazofanana kama ndugu. Cook alikuwa baharia, si mtu wa mezani, na alielewa mara moja kwamba jambo hili si la kubahatisha. Waliokuja baada yake ndio waliosahau.

Mwaka 1947 Thor Heyerdahl wa Norway alitengeneza chelezo cha magogo, akaondoka nacho Peru, na baada ya siku 101 akatua kisiwa cha Raroia katika funguvisiwa la Tuamotu. Alitaka kuonyesha kwamba wenyeji wa Polinesia, yaani visiwa vilivyo kati ya Hawaii, Rapa Nui na New Zealand, walitoka Amerika Kusini wakisukumwa na upepo na mkondo. Dunia nzima ilimshangilia. Alichothibitisha ni kwamba chelezo huelea. Tena kilivutwa kwanza na chombo cha jeshi la maji la Peru mpaka nje ya mkondo wa pwani, jambo ambalo wasimuliaji wengi hulipita haraka. Kisha mwaka 1956 Andrew Sharp wa New Zealand akaandika kwamba bila vyombo vya kupimia, safari ya makusudi ya kwenda na kurudi inayozidi kilomita 500 hivi haiwezekani. Kwa hiyo visiwa vya mbali viliokotwa na watu waliopotea. Hapo ndipo lilipotoka somo la mwanao.

Mwaka 1973 watafiti watatu, Levison, Ward na Webb, waliamua kulipima dai hilo kwa kompyuta. Walikusanya kumbukumbu za pepo na mikondo, wakaachia vyombo vya kuelea ovyo kutoka kisiwa hiki na kile, zaidi ya safari laki moja. Uwezekano wa kufika Hawaii, Rapa Nui au New Zealand kwa kupeperushwa kutoka visiwa vya katikati ulikaribia sifuri. Vyombo vilivyopotea vilikwenda vinakokwenda vitu vilivyopotea, magharibi. Hata leo mvuvi wa Kiribati injini ikimzimikia huchukuliwa kuelekea magharibi.

Sasa fungua tena ile ramani, umwonyeshe mwanao walikoanzia na walikomalizia.

New Guinea na visiwa vya karibu yake vimekaliwa kwa zaidi ya miaka 40,000. Ukitoka huko mpaka mwisho wa Visiwa vya Solomon, mara nyingi unaona kisiwa cha mbele kabla ya kile cha nyuma hakijazama. Baada ya Solomon linakuja pengo la zaidi ya kilomita 350 za maji, na kwa makumi ya maelfu ya miaka hakuna aliyelivuka. Kisha, miaka kama 3,300 iliyopita, wanatokea katika visiwa vya Bismarck, karibu na New Guinea, watu wapya wenye vyungu vilivyopigwa nakshi kwa kifaa chenye meno kama kitana. Wanaakiolojia wanawaita watu wa Lapita, kwa jina la mahali fulani New Caledonia vilipochimbuliwa vyungu hivyo mwaka 1952. Chimbuko la lugha yao ni Taiwan. Mwaka 2016 vilichapishwa vipimo vya vinasaba vya mifupa ya mababu wa kwanza wa Vanuatu na Tonga, vikaonyesha kwamba asili yao karibu yote ilikuwa Asia, upande wa Taiwan na Ufilipino. Damu ya New Guinea iliingia baadaye. Ndani ya miaka mia nne au tano watu hao walikuwa wameshafika Fiji, Tonga na Samoa. Kutoka Vanuatu hadi Fiji peke yake ni karibu kilomita 800 bila pa kupumzikia.

Hapo wakasimama, kwa zaidi ya miaka 1,500. Sababu bado wanaizozania. Wako wanaosema pepo zilibadilika, wako wanaosema ukame uliwasukuma kuondoka tena, nami naelekea kwa wale wanaosema mitumbwi mikubwa ya mapacha ilikuwa haijakomaa. Walipoanza tena, kwenye karne ya 11, walikwenda kwa kasi ya ajabu: visiwa vya Society, ilimo Tahiti, kwanza, halafu kati ya karne ya 12 na ya 13 Marquesas, Hawaii na Rapa Nui, na mwisho kabisa New Zealand. Huko New Zealand hesabu imepatikana kwa panya. Hakukuwa na panya kabla ya watu. Waliletwa na mitumbwi. Wataalamu walichimba mbegu kuukuu za porini, wakatafuta zenye alama za meno, wakazipima umri: alama za kwanza ni za mwaka 1280 hivi. Ule msikiti wa Kizimkazi, wenye maandishi ya mwaka 1107, ulikuwa umeshaswaliwa vizazi na vizazi kabla mtu wa kwanza hajakanyaga New Zealand.

Tazama mpangilio huo kwa jicho la nahodha. Upepo mkuu wa Pasifiki ya kusini hutoka mashariki na kusini-mashariki karibu mwaka mzima, ni ndugu wa kusi yetu. Watu hawa walitoka magharibi wakaenda mashariki, upepo usoni. Ingekuwa ni kupeperushwa, visiwa vilivyoko chini ya upepo vingejazwa mwanzo. Lakini New Zealand, ambayo kutoka visiwa vya katikati iko kusini-magharibi, nchi kubwa kuliko visiwa vingine vyote vya Polinesia vikijumlishwa, ndiyo waliyoifikia mwisho.

Wazungu wengi waliona upepo wa usoni wakadhani ni kizuizi. Mtaalamu mmoja wa New Zealand, Geoffrey Irwin, ambaye mwenyewe ni mtu wa tanga, aliligeuza jambo hilo miaka ya 1990, na niliposoma hoja yake nilijiona mjinga kwa kutoiona mapema. Unayekwenda kutafuta kisiwa usichokijua, jambo la kwanza la kuogopa si kukikosa, ni kushindwa kurudi. Ukienda na upepo mgongoni, siku chakula kinapofika nusu na hujaona kitu, utarudi na nini? Lakini ukipanda dhidi ya upepo, kwa kupiga bisho, yaani kwenda mshazari huku na huku, au kwa kuvizia siku upepo unapolegea, basi nyumbani kuko chini yako. Unageuza chombo, unafungua tanga, upepo uleule unakurudisha. Kwa hiyo walikwenda kwanza upande mgumu, kwa sababu ndio uliokuwa salama. Halafu, walipokwisha kuijua bahari, wakajaribu kukata upepo ubavuni, kama safari ya Hawaii. Upande wa chini ya upepo, ambako mtu hujipoteza, wakauacha mwisho.

Na kweli kulikuwa na siku za kuvizia. Mwaka 1769 Cook alipokuwa Tahiti alimchukua melini mtu aitwaye Tupaia, kuhani na baharia kutoka kisiwa cha Raiatea. Tupaia alitaja majina ya visiwa zaidi ya 70, akasaidia kuchora ramani yake. Cook alipomuuliza wanawezaje kwenda mashariki na upepo unatoka hukohuko, akajibiwa kwamba kuanzia Novemba hadi Januari hujitokeza pepo za magharibi zenye mvua, nao huzitumia hizo. Wewe na mimi tuliokulia kwenye kaskazi na kusi hatuhitaji kuelezwa zaidi. Majahazi ya Oman na Uhindi yalikuja kwetu kwa kaskazi na kurudi kwa kusi karne na karne, na hakuna aliyesema walipeperushwa. Tupaia alisafiri na Cook hadi New Zealand, akazungumza na Wamaori wakaelewana, ingawa nchi hizo mbili zilikuwa hazijaonana kwa mamia ya miaka. Alifariki Batavia, Jakarta ya leo, mwaka 1770. Inasemwa kwamba popote meli ilipokuwa, ukimuuliza Tahiti iko wapi alinyoosha kidole bila kusita.

Hoja yako ya mke na mbegu ina nyongeza tamu. Mvuvi aliyepotea huwa na ndoano na kibuyu cha maji. Mitumbwi hii ilibeba wanawake na watoto, kuku, mbwa, nguruwe, migomba, magimbi, viazi vikuu na shelisheli. Zingatia hilo la mwisho. Shelisheli ni mti wa huko. Kwetu ulifika baadaye sana, na jina lake latukumbusha visiwa ulivyopitia. Ile aina isiyo na mbegu inayoliwa Polinesia huwezi kuipanda ila kwa machipukizi ya mizizi. Sasa fikiria kubeba machipukizi mabichi wiki tatu baharini: uyafunge kwa majani yenye unyevu, uyakinge na chumvi, uyagawie maji ya kunywa ambayo wanao wanayataka. Hayo si mambo ya mtu aliyekumbwa na dhoruba. Na viazi vitamu alivyovikuta Roggeveen vilitoka Amerika Kusini. Utafiti wa vinasaba uliochapishwa mwaka 2020 umeonyesha kwamba watu wa Polinesia na wenyeji wa Amerika walichanganya damu karibu na mwaka 1200. Heyerdahl alikuwa sahihi kwamba pande hizo mbili zilikutana. Alikosea tu nani alikuwa na chombo cha maana.

Chombo chenyewe kitakufurahisha. Cha safari ndefu kilikuwa mitumbwi miwili mirefu iliyofungwa pamoja kwa mihimili, na jukwaa katikati lenye kibanda. Mbao zilishonwa kwa kamba za makumbi, matanga yalisukwa kwa majani ya mkadi. Ukiukumbuka mtepe wetu, uliokuwa ukishonwa kwa kamba hizohizo na kupandishwa tanga la mkeka, utaona fundi wa huko na fundi wa hapa wangeelewana bila mkalimani. Sidai ni mjukuu na babu. Penye minazi mtu atafika kwenye kamba ya makumbi kwa njia yake mwenyewe. Mwaka 2012 huko Anaweka, New Zealand, mawimbi yalifukua ubao wa mtumbwi wa namna hiyo, urefu wa mita 6, wa karibu mwaka 1400. Ulikuwa na mataruma, yaani mbavu, yaliyochongwa ndani ya ubao uleule, matundu ya kushonea bado yakiwa na kalafati ya magome, na kwa nje kasa aliyechongwa kwa ustadi. Ningetoa kitu kizuri kuuona kwa macho.

Mitumbwi ya Visiwa vya Caroline na Marshall, upande wa Mikronesia, ndiyo inayoniacha hoi. Tengo ni moja tu, nalo halihami: siku zote hukaa upande wa upepo. Wewe ukipiga bisho unageuza omo, tanga linahamia upande mwingine. Wao hawageuzi. Wanalegeza kamba, watu wawili wanabeba pembe ya chini ya tanga pamoja na foromali, yaani mti wa kushikia tanga, wanaikimbiza ukingoni mwa mtumbwi kutoka omo mpaka tezi, wanaipachika huko, mlingoti unainamishwa upande wa pili, kasia la usukani linahamishwa, na kilichokuwa tezi sasa kimekuwa omo. Kwa sababu ubavu mmoja tu ndio unaoona upepo maisha yote ya chombo, mafundi wao huchonga mbavu mbili zisizolingana: ule wa chini ya upepo bapa kidogo, ule wa upande wa upepo wenye tumbo. Mtu asiyejua akiuona anadhani fundi alikosea. Kumbe ubapa huo ndio unaozuia chombo kisiteleze kando wala kisivutwe na tengo.

Haya, chombo kipo na upepo unajulikana. Watakionaje kisiwa cha kilomita mbili?

Mwaka 1973 watu wa Hawaii waliunda chama cha kujenga mtumbwi wa mapacha wa kale, wakauita Hōkūleʻa, jina lao la nyota Arcturus. Haukuwa wa kale kwa vifaa, walitumia mbao za plai na gundi za kisasa, lakini umbo na tanga vilikuwa vyenyewe. Walipomaliza wakagundua kwamba hakuna Mhawaii hata mmoja aliyebaki anayejua kuongoza chombo bila dira. Wamisionari na watawala walikuwa wameshaua elimu hiyo. Kwenye visiwa vingi safari ndefu za mitumbwi zilipigwa marufuku waziwazi. Ikabidi watafute mwalimu kilomita maelfu magharibi, kwenye kisiwa cha Satawal chenye watu mia chache. Mwalimu huyo alikuwa Mau Piailug, aliyezaliwa mwaka 1932. Alisimulia kwamba babu yake alikuwa akimlaza kwenye vidimbwi vya pwani angali mtoto mchanga, ili mwili uzoee mwendo wa bahari kabla hajajua kusema.

Tarehe 1 Mei 1976 waliondoka Maui kuelekea Tahiti, zaidi ya kilomita 4,000. Mau hakuwahi kufika Tahiti maishani mwake. Hakukuwa na dira wala saa wala ramani mkononi.

Alichokuwa nacho kichwani ni duara la nyota. Kila nyota huchomoza mahali palepale kwenye upeo wa macho na kutua mahali palepale, mwaka nenda mwaka rudi. Mwanafunzi wa Satawal hufundishwa nyumbani, juu ya mkeka, kwa mawe yaliyopangwa mviringo, kila jiwe na nyota yake. Baharini unaielekeza omo kwenye nyota inayochomoza. Ikipanda juu mno unaiacha, unaishika inayoifuata katika njia ileile. Kaskazini mwa ikweta unayo Jaa, ambayo haihami. Ukishuka kusini huzama na haionekani tena, ukabaki na Msalaba wa Kusini. Nyota zinakwambia pia umefika latitudo gani: Arcturus hupita utosini ukiwa Hawaii, Sirius hupita utosini ukiwa Tahiti. Basi wakati wa kurudi Hawaii unakwenda kwa makusudi ukiegemea mashariki, upande wa juu ya upepo, mpaka Arcturus iwe utosini, ndipo unageuka magharibi na kuteremka na upepo. Huwezi kubaki ukijiuliza kisiwa kiko kushoto au kulia, umeshajipanga upande mmoja.

Usiku wa mawingu, au mchana jua likiwa utosini lisilosaidia, kinachobaki ni mawimbi. Si yale madogo ya upepo wa leo. Ni yale mapana yanayotoka mbali, kutoka kwenye pepo zisizokoma, yanayokuja kwa mwelekeo uleule wiki nzima. Mawili au matatu hupita pamoja yakikatana, na nahodha huyatofautisha kwa namna chombo kinavyoinuka na kuyumba. Mau alikuwa akijilaza ndani ya mtumbwi, na kutoka humo, bila kuona nje, akitambua kama mshika kasia ameacha njia. Katika Visiwa vya Marshall walilifanya somo hili kuwa kitu cha kushika: walifunga vijiti kuonyesha namna mawimbi yanavyojipinda yakigonga kisiwa, na kauri zikawekwa kuwa visiwa. Hivyo vijiti hawakusafiri navyo. Vilikuwa vya nchi kavu, vya kufundishia.

Na kisiwa chenyewe ni kikubwa kuliko ukionavyo kwenye ramani. Wingu husimama juu yake wakati mengine yanapita. Chini ya wingu hilo, kama kuna maji ya kina kifupi ndani ya matumbawe, huonekana rangi ya kijani hafifu. Halafu ndege. Wako weupe wadogo wa baharini ambao hulala nchi kavu, hutoka alfajiri kuvua na kurudi jioni. Ukiwaona jua likizama wanakwenda wote upande mmoja, wafuate. Kisiwa cha kilomita mbili kwa hesabu ya ndege kina upana wa makumi ya kilomita. Tahiti, tena, imetanguliwa na Tuamotu, visiwa vingi vya matumbawe vilivyotandazwa zaidi ya kilomita elfu kama jarife. Kazi si kuipata Tahiti. Kazi ni kunasa kwenye jarife, ukitambue kisiwa kilichokunasa, halafu uendelee.

Ndivyo ilivyokuwa. Kwenye siku ya 31 hivi walikiona Mataiva, kisiwa cha mwisho wa Tuamotu upande wa magharibi, na tarehe 4 Juni waliingia Papeete. Maelfu ya watu walikuwa wamejaa gatini, wengine juu ya miti. Mau alikuja kulaumiwa kwao kwa kuwafundisha wageni siri za ukoo. Alijibu kwa matendo: aliendelea kufundisha, na mwaka 2007, miaka mitatu kabla ya kufariki, aliwafanyia Wahawaii watano ibada ya kuwa manahodha kamili hapohapo Satawal.

Nisije nikakufanya uone kwamba kila mtu alifika. Wengi mno walizama, hakuna wa kuwahesabu. Pitcairn na Henderson vilikuwa na watu, biashara na visiwa jirani ilipokatika vikaachwa ukiwa. Wazungu walivikuta vitupu, vikiwa na mabaki ya majiko na zana za mawe. Na bahati nayo ilikuwepo. Kuna visiwa ambavyo bila shaka vilionwa mara ya kwanza na mvuvi aliyepotea. Lakini kuona ni jambo moja. Kurudi nyumbani, kueleza kilipo, na kuwaleta watu na machipukizi ya shelisheli ni jambo jingine.

Sasa matengo. Hapo umegusa undugu wa kweli, ila si wa moja kwa moja. Watu wa jamii hiyohiyo ya lugha waligawanyika: wengine wakaenda mashariki mpaka Rapa Nui, wengine wakaja magharibi kwenye bahari yetu. Katika milenia ya kwanza baada ya Kristo watu kutoka Borneo ya kusini walivuka Bahari ya Hindi, na wazao wao, wakiwa wamechanganyika na watu wa bara letu, ndio Wamalagasi. Mwambie mwanao alinganishe mwenyewe. Mbili kwa Kimaori ni rua, kwa Kisamoa lua, kwa Kimalagasi roa. Tano ni rima, lima, na dimy. Mbingu ni rangi, lagi, na lanitra. Katika machimbo ya kale ya Komoro wamekuta mpunga na choroko za Asia ya Kusini-Mashariki za karne ya 8 hadi ya 10. Hata minazi ina ushahidi: wataalamu waliopima vinasaba vyake mwaka 2011 walikuta minazi ya Pasifiki na ya Bahari ya Hindi ni koo mbili tofauti, na mahali zilipochanganyika ni Madagaska, Komoro na pwani yetu. Wanahistoria wengi wanaona ngalawa ilikuja kwa njia hiyohiyo.

Hata nyota tunashirikiana. Kilimia, ambacho wazee wetu walikitazama ili kujua msimu wa kulima, wakasema kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, Wamaori hukiita Matariki, na kuchomoza kwake alfajiri ndiko kunakofungua mwaka wao. Tangu 2022 ni sikukuu ya taifa New Zealand, watu hawaendi kazini. Hapo sidai undugu wowote, nyota ni za wote.

Ila kuna kitu kinanisumbua, na wewe ndiye wa kunisaidia. Pasifiki tengo kwa kawaida ni moja. Wavezo wa magharibi mwa Madagaska nao hutumia moja. Indonesia na Ufilipino ni mawili, na kwetu ni mawili, kama Komoro. Vitabu nilivyo navyo vimeandikwa na watu waliochora ngalawa wakiwa wamesimama pwani, hawakuipandia tanga. Hebu niambie: hapo Pangani mnapofunga mirengu, ile miti ya kushikia matengo, matengo yote mawili hugusa maji chombo kikiwa kimetulia, au mnayainua kidogo ili moja tu lizame upepo unapokibinya?